Re: Betty Nansen wa filamu na wa ukumbi wa maigizo ni mmoja?
Habari mkuu. Swali lako kama Betty Nansen, mwigizaji wa filamu za Fox (kampuni ya filamu ya Marekani), ndo yule mwenye ukumbi wa maigizo Denmark, ni huyohuyo. Anza na jina la kuzaliwa, mi ndo lilinifungua: aliitwa Betty Müller, hilo la Nansen kalipata kwa mumewe Peter, mwandishi, kwa hiyo ukimtafuta kwa Nansen kwenye kumbukumbu za kuzaliwa za 1873 humpati ng'o. Marekani hakukaa sana, akacheza filamu ya Anna Karenina ya 1915 na nyingine kadhaa akarudi kwao, 1917 akachukua ukumbi wa maigizo wa Alexandra Teatret pale Frederiksberg, Denmark, akaubandika jina lake, akauongoza mpaka kifo chake 1943. Chimba hapo, Fox ilikuwa mapito tu.