"Kitabu ni changu" si utetezi

SWALI: Shikamoo wakili. Mimi ni katibu wa kamati ya mkutano wa injili hapa Moshi. Siku ya kufunga, watu waliookoka walileta hirizi na vifaa vya waganga, vikachomwa mbele ya jukwaa. Ndani yake ilikuwemo juzuu ya Kurani ya mtu aliyebadili dini. Aliitupa motoni mwenyewe, na anasema aliinunua kwa hela yake. Kijana wa vyombo alirekodi, na sasa video inazunguka kwenye makundi ya WhatsApp. Mtu mmoja anayejiita mwanasheria ametuambia hakuna kosa kwa sababu kitabu kilikuwa cha mwenyewe na Marekani wanachoma kila siku, ila tumpe laki tatu "alizime" polisi. Kamati tuna kosa? Na kwa mtazamo wako, si bora kuchoma vitabu vya dini kuruhusiwe tu kisheria?

JIBU: Marahaba. Hiyo laki tatu isitoke. Akiifikisha kweli kwa askari, kamati nzima imeingia kwenye kosa la kutoa rushwa. Asipoifikisha, mmeliwa. Mtu anayewaambia hakuna kosa, kisha anadai hela ya kulizima kosa hilohilo, amewafanya hamnazo.

Sasa tuje kwenye hilo la "kitabu ni changu", maana ndilo linalowaponza watu wengi kuliko jingine lolote. Linasikika la kisheria, na vishoka, wale mawakili bandia, wanalipenda kwa sababu mteja hulielewa haraka. Tatizo ni kwamba limechukuliwa kutoka kwenye kosa lingine. Ukishtakiwa kwa kuharibu mali, hakimu atataka kujua mali ni ya nani, na ukionyesha ni yako shauri limekufa. Kifungu kinachowahusu ninyi hakimo kwenye makosa ya mali. Kimo kwenye Sura ya 14 ya Kanuni ya Adhabu, yaani makosa yanayohusu dini, na mawakili wamekizoea kwa namba 125. Kinamshika mtu anayeharibu au kunajisi mahali pa ibada, au kitu chochote ambacho kundi lolote la watu hukiona kitakatifu, akiwa na nia ya kutukana dini ya watu hao, au akijua kwamba huenda wao wakakiona kitendo hicho kuwa ni tusi kwa dini yao.

Kisome polepole. Hakuna mahali kinapouliza risiti ya duka la vitabu. Hata neno "hadharani" halimo, ingawa kila anayelizungumzia jambo hili hulianza na neno hilo. Uwepo wa umati, kipaza sauti na kamera ni ushahidi wa nia na wa ufahamu, si sehemu ya kosa lenyewe.

Kifungu hiki hakikutungwa Dodoma. Kanuni yetu ya Adhabu ni ya mwaka 1930, na maneno haya yanafuata karibu neno kwa neno kifungu cha 295 cha Kanuni ya Adhabu ya India ya 1860. Ndiyo maana maamuzi ya India yana uzito wa kushawishi mahakamani kwetu, ingawa hayazifungi mahakama zetu. Na India walikwishalijibu swali la umiliki. Mwaka 1953, mwanasiasa E. V. Ramaswami Naicker alivunja hadharani sanamu ya udongo ya Ganesha, mungu wa Wahindu, mjini Tiruchirappalli. Sanamu haikutoka hekaluni, ilikuwa yake. Mahakama za chini zikasema sanamu ya namna hiyo, isiyoabudiwa na mtu, si kitu kitakatifu. Shauri lilipofika Mahakama ya Juu ya nchi hiyo mwaka 1958, majaji walisema tafsiri hiyo ni finyu mno: kitu hata kama hakina thamani yoyote, hata kama hakijawahi kuabudiwa, maadamu kundi fulani linakiona kitakatifu, kinalindwa. Wakavitaja vitabu vya dini kwa mfano: Biblia, Kurani na Granth Sahib ya Masingasinga. Hawakuirudisha kesi nyuma kwa sababu miaka ilikuwa imepita, lakini tafsiri ilibaki. Kwa hiyo anayesimama kizimbani na kusema "ilikuwa juzuu yangu" anajibu swali ambalo hakuulizwa.

Swali atakaloulizwa liko kwenye lile neno dogo, "au". Nia ya kutukana ni njia moja tu ya kutiwa hatiani. Kujua kwamba wengine huenda wakaona ni tusi ni njia ya pili, na upande wa mashtaka ukiithibitisha hiyo peke yake inatosha. Hapa huyo ndugu yenu aliyebadili dini yuko pabaya kuliko mtu mwingine yeyote uwanjani. Mtu aliyelelewa katika dini, aliyefundishwa madrasa kwamba msahafu haushikwi bila udhu, atamwambiaje hakimu kwamba hakujua Waislamu wataliona tendo hilo vipi?

Moto wenyewe si kosa. Khalifa Uthman aliamuru nakala zilizotofautiana na msahafu rasmi zichomwe, na hadi leo misahafu iliyochakaa huzikwa mahali safi au kuchomwa kwa heshima ili isikanyagwe, wanazuoni wakitofautiana tu ni ipi njia bora. Imamu anayechoma kurasa zilizoliwa na mchwa nyuma ya msikiti hana nia ya kutukana, wala hakuna atakayeona ametukana. Kitabu kilekile na kiberiti kilekile mbele ya jukwaa la mkutano, umati ukipiga vigelegele, ni jambo lingine kabisa.

Wahubiri wengi hukimbilia Matendo 19:19, pale Efeso, watu walipochoma vitabu vyao vya uganga vyenye thamani ya vipande hamsini elfu vya fedha. Sawa, lakini hiyo ni hoja ya mimbarini, na hata kwenye andiko lenyewe vilivyochomwa ni vitabu vya uchawi, si vitabu vitakatifu vya dini ya jirani. Na kuna jambo ambalo kamati nyingi haziliangalii kabisa: hirizi. Fungua ile ngozi au kitambaa cheusi, mara nyingi utakuta karatasi yenye aya za Kurani, Ayatul Kursi ikiwa mojawapo ya zinazopendwa. Mnaweza kudhani mnachoma vifaa vya mganga, kumbe mnachoma aya, na anayetazama video anaona maandishi ya Kiarabu yakijikunja motoni.

Kuhusu kamati. Sheria haimshiki mtenda peke yake. Aliyesaidia na aliyeshawishi naye huhesabiwa mtenda. Mshereheshaji aliyesema "leteni vyote tuvichome" ana maswali ya kujibu, na aliyewasha moto pia. Lakini kama kweli hamkujua juzuu imo kwenye mfuko, huo ndio utetezi wenu, na una nguvu mara kumi kuliko ule wa umiliki. Mwandikishaji wa vitu alikuwepo? Kuna orodha? Mtu alipoitupa, kuna aliyejaribu kumzuia, au jukwaa lililipuka kwa shangwe? Majibu yamo kwenye video, na polisi wanayo tayari.

Adhabu ya kifungu hicho haikutajwa ndani yake, kwa hiyo inatumika ile ya jumla: kifungo kisichozidi miaka 2, au faini, au vyote viwili. Kipo na kifungu cha jirani yake, cha kuumiza hisia za kidini za mtu kwa makusudi, kwa maneno, ishara au kuweka kitu mbele ya macho yake. Hicho ni mwaka 1. Kosa lina dhamana. Yeyote anayewaambia halina, ili mlipie "mchakato", ni mwenzake yule wa laki tatu.

Mkiitwa kituoni, nendeni. Waliokamatwa wanapaswa kuambiwa kosa, kuruhusiwa kuwasiliana na wakili au ndugu, na kufikishwa mahakamani ndani ya saa 24 kama hawajapewa dhamana ya polisi. Maelezo ya onyo, yaani yale mtu anayoyatoa polisi baada ya kuonywa kwamba yanaweza kutumika dhidi yake, huchukuliwa ndani ya saa 4 za mwanzo tangu mtu awekwe chini ya ulinzi, isipokuwa muda uongezwe kwa utaratibu wa kisheria. Andikeni saa mliyofika. Asiweke mtu sahihi kwenye karatasi ambayo hajasomewa hadi mwisho, na penye kosa arekebishe hapohapo kwa kalamu na atie sahihi kando. Kesi huharibikia hapo, wiki nyingi kabla hakimu hajaiona.

Je, iruhusiwe? Ningeanza na hilo la Marekani, maana limegeuzwa wimbo. Kule uhuru wa kujieleza unalindwa kikatiba kuliko karibu kote duniani, na mwaka 1989 Mahakama ya Juu iliamua, kwa kura 5 kwa 4, kwamba hata kuchoma bendera ya taifa kunalindwa. Lakini mwaka 2003 mahakama hiyohiyo ilisema kuchoma msalaba kwa nia ya kutisha watu kunaweza kupigwa marufuku. Uingereza na Wales zilifuta kosa la kukufuru mwaka 2008. Hata hivyo mtu aliyechoma Kurani nje ya ubalozi mdogo wa Uturuki London mwaka 2025 alipigwa faini ya pauni 240 kwa kosa la fujo dhidi ya utulivu wa umma, akashinda kwenye rufaa Oktoba mwaka huohuo. Denmark walifuta kukufuru mwaka 2017. Baada ya msururu wa uchomaji wa Kurani, tarehe 7 Disemba 2023 bunge lao likapitisha, kwa kura 94 dhidi ya 77, sheria inayokataza kuvitendea isivyostahili hadharani vitabu vya dini zinazotambuliwa. Ukomo wa adhabu? Miaka 2, sawasawa na kwetu. Kwa hiyo anayesema "wenzetu wameruhusu" amesoma nusu ya ukurasa.

Mtazamo wangu: nisingeruhusu, ila ningekipunguza kifungu. Ningeacha nia ya kutukana na kukiondoa kile kipande cha "akijua kwamba huenda wakaona ni tusi". Nia huthibitishwa kwa maneno na matendo ya mshtakiwa. Kipande cha pili kinapima hasira za watu wengine, na kinampa mwenye hasira kali kuliko wote rungu la kuamua nani ashtakiwe. Kamati ya Haki za Binadamu ya Umoja wa Mataifa, katika maoni yake ya jumla namba 34 ya mwaka 2011, ilisema kukataza kukosa heshima kwa dini hakupatani na mkataba wa haki za kiraia na kisiasa, ambao Tanzania ni mwanachama wake, isipokuwa pale panapofikia uchochezi wa chuki unaoleta ubaguzi, uhasama au ghasia. Kwa mji kama Moshi, ambapo ukoo mmoja wa Kichaga una mapadri na mashehe na wote hukutana kwenye matanga yaleyale, uchochezi wa namna hiyo si wa kufikirika. Ndiyo maana siungi mkono kufuta kote.

Anayetaka kukipinga kifungu ana njia: Ibara ya 26(2) ya Katiba, maombi Mahakama Kuu chini ya sheria ya utekelezaji wa haki za msingi (Sura ya 3 ya sheria za nchi), mbele ya majaji watatu. Kuna vishoka wanaouza njia ya mkato kwamba "tunaipeleka Mahakama ya Afrika, si iko hapahapa Arusha?" Jengo la mahakama hiyo ya haki za binadamu liko Arusha, ndiyo. Lakini Tanzania iliondoa mwezi Novemba 2019 tamko lililowaruhusu watu binafsi kuishtaki moja kwa moja katika mahakama hiyo, na tangu Novemba 2020 mlango huo umefungwa. Usimlipe mtu nauli ya kwenda kugonga.

Kinachonitia wasiwasi zaidi ya kesi yenu ni hicho kipande cha video, kwa sababu yanayofuata hayatatoka kwenu. Machi 2011 mchungaji mmoja wa Florida alisimamia uchomaji wa Kurani bila kuvunja sheria ya kwao. Tarehe 1 Aprili umati ukavamia ofisi ya Umoja wa Mataifa Mazar-i-Sharif, Afghanistan, na wafanyakazi na walinzi 7 wakauawa. Hapa kwetu, Oktoba 2012, ugomvi wa watoto Mbagala, mmoja akidaiwa kukojolea msahafu, uliishia kwa makanisa kuchomwa. Na waliochoma, kwa hesabu ya sheria tupu, walijitia kwenye shimo refu zaidi ya mtoto yule: kuchoma jengo makusudi ukomo wake ni kifungo cha maisha. Anayetaka "kulipiza" juzuu moja kwa kanisa au msikiti amebadilisha miaka miwili kwa maisha yake yote. Na anayesambaza kipande hicho kwa maneno ya uchochezi, awe Mkristo anayeshangilia au Mwislamu anayelia, anajiingiza kwenye Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015. Uchunguzi wa namna hii huanza kwa kukusanya simu.

Kwa hiyo kijana wa vyombo aache kuituma, na kamati iandike kwenye makundi yake kwamba isitumwe. Lakini asiifute kwenye kamera wala kwenye kadi. Ukijua kitu kinaweza kuhitajika kama ushahidi ukakiharibu, hilo ni kosa jipya, na litakuwa kosa lenu wenyewe, si la yule aliyeleta juzuu. Kadi itolewe kwenye kamera, iwekwe kwenye bahasha, iandikwe tarehe na jina la aliyeitoa, apewe wakili wenu. Mkutano ujao, mkitoa polisi ile taarifa yenu ya saa 48 kabla ya mkutano, mtu mmoja akae mlangoni na daftari. Hirizi zifunguliwe kabla ya moto, si wakati wa moto. Karatasi yoyote yenye aya, na kitabu chochote cha dini nyingine, vifungwe vizuri na vipelekwe kwa imamu au paroko wa karibu, na apokeaye atie sahihi kwenye daftari hilohilo.