Maswali ya Wasomaji: Nyambizi na Madaraja Yake

SWALI: Shikamoo Mhariri. Katika habari za kimataifa nasikia nyambizi za daraja la Virginia, daraja la Kilo, na kadhalika. Je, madaraja haya ni kama vyeo, kwamba moja limelipita jingine kwa ukubwa? Na ni nani huyapa majina?
Mwanafunzi wa kidato cha tatu, Likoni

JIBU: Marahaba, mwanangu. Daraja si cheo, bali ni kundi la nyambizi zilizojengwa kwa ramani moja, na kwa desturi ya Marekani kundi zima huitwa kwa jina la chombo chake cha kwanza. Wajerumani wamezoea namba, na Warusi huipa kila ramani namba ya mradi, kwa hiyo nyambizi ambayo NATO huiita Kilo, kwao ni Mradi 877. Vurugu za magazetini huanzia hapo: Akula ya NATO ni Mradi 971, ilhali Wasovieti wenyewe walikuwa wamekwisha kulitumia jina hilo kwa Mradi 941, lile jitu la mita 175 ambalo NATO walilibandika jina la Typhoon. Ukisoma habari mbili za Akula zisizolingana, usiwalaumu sana waandishi.

Wala usidhani kwamba nyambizi za daraja moja hazipishani kwa lolote. Marekani ilijenga 62 za daraja la Los Angeles, ya mwisho ikiingia kazini mwaka 1996. Zile 31 za mwanzo hazikuwa na mirija ya wima ya kurushia makombora, zilizofuata zikapewa mirija 12 upande wa mbele, na 23 za mwisho zikahamishiwa mapezi ya kuongozea kina kutoka kwenye mnara wa juu hadi mbele ili ziweze kuibuka kwa kupasua barafu. Ni watoto wa tumbo moja, ila mzaliwa wa mwisho alifunzwa mengi zaidi.

Kwa maoni yangu, anayetaka kulijua daraja asianze na jina wala urefu. Aulize chombo kikiwa chini kinapata wapi nguvu. Injini ya dizeli haifanyi kazi bila hewa. Nyambizi za Type VII za Ujerumani, zilizojengwa zipatazo 700 wakati wa Vita Vikuu vya Pili, kwa hakika zilikuwa vyombo vya juu ya maji vilivyoweza kujificha chini kwa muda, zikitegemea betri na kwenda kwa mwendo usiofika maili 8 za baharini kwa saa. Type XXI, iliyokuja vita vikielekea ukingoni, ilijazwa betri nyingi zaidi na kupewa umbo laini, ikafikia maili 17. Ilichelewa mno kuiokoa Ujerumani, lakini washindi waligawana zilizobaki, wakazichunguza, na athari yake inaonekana katika nyambizi nyingi za miaka ya 1950.

Mwaka 1954 Marekani iliipokea Nautilus, nyambizi ya kwanza kuendeshwa kwa kinu cha nyuklia, ambacho hakihitaji hewa hata kidogo, na Agosti 1958 ikapita chini ya barafu ya Ncha ya Kaskazini. Tangu hapo, kinachoirudisha mapema bandarini nyambizi ya aina hiyo ni kwisha kwa chakula cha mabaharia, si mafuta. Sweden ilichagua njia nyingine: daraja la Gotland, lililoanza kazi mwaka 1996, lina injini za Stirling, zinazoweza kuchoma mafuta chini ya maji kwa oksijeni iliyobebwa chomboni katika hali ya kimiminika. Gotland ina urefu wa mita 60 hivi tu, lakini ukimya wake uliwashughulisha Wamarekani hata wakaikodi pamoja na mabaharia wake, kuanzia 2005 hadi 2007, ili wajifunze kuitafuta.

SWALI: Bwana Mhariri, wazee wetu walisimulia juu ya meli ya askari iliyotoka Kilindini wakati wa vita ikazamishwa na Wajapani. Nyambizi hiyo ilikuwa ya namna gani?
Msomaji wa Changamwe

JIBU: Meli hiyo ni Khedive Ismail. Ilitoka Kilindini mwanzoni mwa Februari 1944 katika msafara uliokuwa ukielekea Colombo, ikiwa na watu zaidi ya 1,500, wengi wao wapiganaji wa mizinga wa Afrika Mashariki. Tarehe 12, karibu na Maldivi, topido (makombora ya majini) mbili za nyambizi ya Kijapani I-27 ziliipata, ikazama kwa muda wa dakika mbili hivi. Walikufa watu 1,297.

I-27 ilikuwa ya aina ya B1: urefu wa mita 108, mafuta ya kuvuka bahari nzima, nayo ni aina iliyobuniwa kubeba hata ndege ndogo ya upelelezi kwenye kibanda chake. Hata hivyo, ukubwa huo haukuiondolea udhaifu niliokwisha kuutaja, kwani betri na hewa vilikuwa na kikomo. Manowari za Uingereza Petard na Paladin ziliiandama kwa mabomu ya kulipukia majini, mengine yakiangushwa palepale manusura walipokuwa wakielea, mpaka ikalazimika kuibuka. Baada ya saa mbili na zaidi za mapambano, topido ya Petard iliimaliza.

SWALI: Je, Kenya ina nyambizi katika kituo cha wanamaji cha Mtongwe?
Msomaji wa Kisauni

JIBU: Haina. Barani Afrika, Afrika Kusini ina tatu za Type 209 zilizojengwa Ujerumani, Misri ina nne za ukoo huohuo, na Algeria hutumia za daraja la Kilo. Sioni sababu ya Kenya kuziiga kwa sasa, kwa kuwa wavuvi haramu na wasafirishaji wa magendo hukamatwa kwa boti za doria na ndege, na Afrika Kusini yenyewe imetaabika kuziweka tatu zake tayari kwa safari.