Mbao zilioza, chombo kikabaki

SWALI: Shikamoo mwalimu. Mimi ni fundi wa majahazi, Lamu. Nimesoma kwamba Waingereza walifukua chombo cha mfalme kilichozikwa miaka 1,300 na mbao zake zote zilikuwa zimeoza. Kama mbao hazipo, walifukua nini?

JIBU: Marahaba, fundi. Swali la mshika tezo hili. Walifukua ribiti, yaani misumari ya chuma iliyounganisha mbao.

Ilikuwa Mei 1939, Sutton Hoo, mashariki mwa Uingereza, juu ya mto Deben. Mwenye shamba, mjane Edith Pretty, alitaka kujua kuna nini ndani ya matuta makubwa ya udongo karibu na nyumba yake. Akamwajiri Basil Brown, mtu aliyeacha shule ana miaka 12 na akajisomesha mwenyewe. Siku moja msaidizi wake, mtunza bustani, akaokota kipande cha chuma. Brown akakitambua: ribiti ya chombo. Akasimamisha majembe.

Mimi ningeshikwa na tamaa, ningeendelea kuchimba. Yeye ribiti zilizofuata hakuzing'oa. Aliziacha pale pale, akafuata safu zake taratibu kwa vifaa vidogo, kutoka omo hadi tezi. Mchanga wa pale una asidi, unakula mbao na hata mifupa. Lakini palipokuwa na ubao, mchanga uligeuka rangi na kushikamana, ukachukua umbo la ubao ule. Kikatokea chombo kizima cha mita 27, mataruma (mbavu za chombo) 26, mbao zimepandiana, na hakuna ubao hata mmoja wa kushika mkononi!

Katikati palikuwa na chumba cha maiti: kofia ya vita iliyovunjika vipande mamia, sarafu 37 za dhahabu za Wafaranki, watawala wa Ufaransa ya kale, na sahani kubwa ya fedha kutoka Bizanti, dola ya Kirumi ya mashariki. Maiti mwenyewe hakuonekana. Wataalamu wengi wanamtaja Rædwald, mfalme wa eneo hilo la mashariki, aliyefariki miaka ya 620. Wezi wa zamani nao waliwahi kulichimba tuta hilo, wakakosea kitovu, wakaondoka mikono mitupu.

Mama Pretty alipewa haki ya hazina yote kisheria, naye akaitoa bure kwa Jumba la Makumbusho la Uingereza, London.

Sasa fikiria mtepe wa mababu zako, ulioshonwa kwa kamba za makumbi, bila chuma. Ungezikwa kwenye mchanga ule, yule mtunza bustani asingekuwa na cha kuokota.