Msisaini kwanza karatasi ya bima
Pole sana kwa msiba wa ajali ya barabarani, ndugu. Umeuliza kama msaini sasa karatasi ya bima ya kukubali fidia au msubiri kesi ya dereva aliyesababisha ajali iishe. Msisaini kwanza. Karatasi hizo kwa kawaida husema mmelipwa yote na hamna dai tena. Mkishaweka sahihi, kuitengua ni kazi kubwa mno. Kesi ya jinai ni ya serikali dhidi ya dereva. Fidia ni dai lenu, lina njia yake.

Tafuteni ripoti ya polisi, cheti cha kifo na uthibitisho wa kipato cha marehemu, maana hesabu hufanywa kwa kile wategemezi walichopoteza. Stakabadhi za mazishi zitunzeni pia. Muda wa kudai una ukomo, mwoneni wakili wiki hii. Na watoto watajwe wote, tafadhali, hata aliye bado tumboni.