Mpwa wangu anataka kuwa mwanaanga

Mwezi Juni mpwa wangu, binti wa kidato cha tatu, alikuja karakanani kwangu Mikindani, Mtwara. Akaniamkia, akakaa juu ya kreti la soda, akasema: "Mjomba, nataka kuwa rubani wa majaribio, halafu mwanaanga."

Mama yake, ambaye ni dada yangu, alikwisha kunipigia simu juzi yake. "Kaka, zungumza na mwanao aachane na ndoto hizi. Wewe ndiye mjomba wake." Kwetu Kusini neno la mjomba ni zito, na dada alitaka nilitumie kumzima mtoto. Nilimwomba anipe wiki mbili nisome kwanza. Mimi ni fundi wa mashine za boti, mwaka wa 19 sasa, mambo ya anga siyajui. Lakini nilichokisoma kimenigusa hata kwenye kazi yangu mwenyewe, ndiyo maana nawaandikia wazazi wenzangu na vijana wenye hamu kama ya huyu binti.

Niliyemsoma zaidi ni Mmarekani John Young. Alimaliza uhandisi wa ndege mwaka 1952, akaingia Jeshi la Wanamaji, na kazi yake ya kwanza ilikuwa kwenye meli ya vita, si kwenye ndege. Hilo lilimfurahisha mpwa wangu, kwamba mtu aliyefika mwezini alianzia baharini. Baadaye alisomea urubani, na mwaka 1959 akahitimu shule ya marubani wa majaribio ya wanamaji huko Patuxent River. Mwaka 1962 alipaisha ndege ya kivita aina ya Phantom kutoka ardhini hadi mita 3,000 kwa sekunde 34 na ushei, ikawa rekodi ya dunia. Mwaka huohuo NASA, shirika la anga za juu la Marekani, wakamchukua.

Nilikuwa nadhani rubani wa majaribio ni mtu asiyeogopa kufa. Sivyo. Ndege mpya ikitoka kwa wahandisi, wao wana hesabu za karatasini tu: itapaa hivi, itakata kona hivi, ikipunguziwa mwendo mpaka hapa itaanza kuanguka. Rubani anapewa orodha ya majaribio ya siku hiyo, na kila jaribio linagusa jambo moja. Leo anaongeza mwendo kidogo kuliko jana, anasikiliza ndege inasema nini, anarudi chini, anaandika. Hasogei hatua ya pili mpaka ya kwanza imeeleweka. Na akiandika haandiki "ndege nzuri" au "ndege mbaya". Anaandika alifanya nini, ndege ikajibu nini, kwa mwendo gani, kwa urefu gani. Wahandisi wanajenga juu ya maneno yake, kwa hiyo akipamba kidogo tu, kuna mwenzake atakufa mwakani.

Niliposoma hapo niliifunga simu nikakaa kimya. Mwaka 2014 nahodha mmoja aliniletea mashine ya farasi 40 iliyokuwa inazima ikipata moto. Kwa siku moja nilibadilisha plagi, nikasafisha kabureta, nikaweka pampu mpya ya mafuta. Nikaiwasha kwenye pipa la maji dakika kumi, ikaunguruma vizuri, nikapokea hela yangu. Siku ya tatu ikawazimikia mbele ya Msimbati, mkondo ukawachukua usiku kucha mpaka asubuhi wavuvi wenzao wakawavuta. Watu wanne. Kumbe kosa lilikuwa mpira wa mafuta, una ufa mdogo ambao ulikuwa unavuta hewa joto likipanda. Vitu vyote vitatu nilivyobadilisha vilikuwa vizima. Nilikuwa nimegusa vingi kwa pamoja, na nimejaribu penye maji ya pipa, si penye mzigo na mawimbi. Nahodha yule alinisamehe. Mimi bado naikumbuka sura ya mke wake pale pwani.

Kwa hiyo ushauri wangu wa kwanza kwa mzazi: usianze na swali la kama mtoto atafika mwezini. Mpe jambo la kujaribu, umwone anavyojaribu.

Nilimpa mpwa wangu daftari na boti yangu ya faiba yenye mashine ya farasi 15. Kazi: kupima jinsi mzigo unavyopunguza mwendo ndani ya ghuba, kutoka jiwe moja hadi boya moja, njia ileile, mkono wa mafuta palepale. Kinachobadilika ni ndoo za maji tu. Ukurasa wa tatu ameandika hivi, nanakili kama ulivyo: "Jaribio la 3. Watu 2, ndoo 4. Dakika 6 sekunde 40. Upepo umeongezeka tulipofika katikati. Sijui kama ni ndoo au ni upepo. Lirudiwe."

Dada yangu aliposoma aliona mtoto ameshindwa. Mimi niliona sentensi mbili za mwisho nikapata baridi mwilini. Kuna mafundi wazima, nikiwemo mimi wa mwaka 2014, wasingeandika vile.

Nirudi kwa Young, maana kilele chake kwangu si mwezi. Mwezini alikwenda mara mbili: Mei 1969 aliuzunguka na Apollo 10, na Aprili 1972 akatua na Charles Duke kwenye Apollo 16, wakaendesha gari juu ya mavumbi yale. Kilele ni tarehe 12 Aprili 1981. Siku hiyo yeye na Robert Crippen walipaa na Columbia, chombo cha kwanza cha aina ya "shuttle", chenye mabawa na kinachorudi kutua kama ndege, kwenda anga za juu. Vyombo vya Marekani vilivyotangulia vilirushwa kwanza bila watu. Hiki hapana, jaribio la kwanza lilikuwa na watu wawili ndani. Ngozi yake ilikuwa na vigae zaidi ya 30,000 vya kuzuia joto, na baada ya kutua walikuta 16 vimedondoka na 148 vimeharibika. Ikagundulika pia kwamba wakati wa kuwaka, mshindo wa roketi ulirudi ukasukuma bapa la nyuma kupita kiasi lilichopangiwa. Safari iliyofuata walimwaga maji mengi zaidi kwenye jukwaa ili kuumeza mshindo ule. Kosa likaonekana, likaandikwa, likatibiwa.

Na Challenger, chombo cha aina hiyohiyo, ilipolipuka Januari 1986, Young, wakati huo akiwa mkuu wa wanaanga, aliandika barua kali za ndani kuhusu usalama. Mwaka 1987 aliondolewa kwenye ukuu ule akapewa kazi ya ushauri. Aliendelea kuandika, na alistaafu mwaka 2004, baada ya miaka 42.

Sasa ukweli ambao lazima mtoto aambiwe mapema, kwa upole. NASA wanachukua raia wa Marekani tu. Wanataka shahada ya pili ya sayansi, uhandisi au hisabati, ingawa kuhitimu shule ya marubani wa majaribio kunakubalika pia, na kwa marubani wanataka saa 1,000 za kuwa nahodha wa ndege. Lakini njia hazijafungwa kote. Shule ya marubani wa majaribio ya Boscombe Down, Uingereza, imefundisha marubani wa nchi nyingi, na huko ndiko alikopita Tim Peake, rubani wa helikopta wa jeshi, kabla ya kwenda Kituo cha Kimataifa cha Anga za Juu mwaka 2015. Kwa hapa nyumbani, binti ashike Fizikia na Hisabati kama mtu anayeshika kamba ya nanga, aende mchepuo wa PCM (Fizikia, Kemia na Hisabati), kisha Chuo cha Taifa cha Usafirishaji pale Dar au jeshini. Na apimwe macho sasa, hasa ya kutambua rangi. Jirani yangu mmoja aligundua akiwa na miaka 22, ndani ya chumba cha usaili, kwamba nyekundu na kijani kwake zinafanana. Inaumiza kujua jambo hilo umechelewa.

Dada nimemwambia hivi: sijamzima, na sitamzima. Amekubali shingo upande, ila amenunua daftari la pili, lenye jalada gumu.

Jumamosi saa kumi na mbili asubuhi tunarudi majini, kabla upepo wa kusi haujaamka. Watu 2, ndoo 4.