Chai ya saa kumi, krimu ya nazi

Swali: Dada mambo, mashosti wanakuja Jumamosi saa kumi jioni, nataka chai kama ile ya Waingereza ila iwe na upwani kidogo, nianzie wapi? Msomaji, Tanga

Jibu: Poa mdogo wangu. Skonzi hata ukinunua sawa, utamu uko kwenye krimu: kopo la tui zito lilale frijini usiku kucha, asubuhi ule mgando wa juu ndo unauchota unaupiga na sukari kidogo mpaka uwe laini, paka kwenye skonzi na jamu ya pasheni, wee! Vitumbua pika vidogo vidogo. Chai sasa, wengi hapo ndo wanaharibu, tangawizi mbichi ichemke kwanza na maji na mchaichai, maziwa baadaye, la sivyo yanakatika mbele ya wageni, mi yalishanikuta.