Maswali ya Wasomaji: Mjusi Asiye na Mikono ni wa Ukoo Gani?

SWALI: Ndugu Mhariri, mimi ni mwalimu wa baiolojia hapa Ujiji, Kigoma. Kitabu cha zamani cha maktaba yetu kinawaweka mijusi wadogo wa Amerika Kusini, ambao baadhi yao karibu hawana miguu, katika familia moja na teju, mjusi anayeweza kupita urefu wa mita 1. Wanafunzi wangu wamesoma kwenye simu kwamba hao wadogo wana familia yao wenyewe, iitwayo Gymnophthalmidae. Nifundishe lipi? Na je, mjusi kafiri wetu wa ukutani ana ndugu huko?

JIBU: Mwalimu, fundisha walichosoma wanafunzi wako, lakini kitabu usikitupe. Mwaka 1885 George Albert Boulenger, alipoorodhesha mijusi waliohifadhiwa katika Makumbusho ya Uingereza, aliwaweka wote, wakubwa kwa wadogo, katika familia ya Teiidae, na kwa miaka mingi vitabu vikamfuata. Undugu aliouona ni wa kweli, kwani hata leo koo hizo mbili huhesabiwa kuwa jirani. Kilichohama ni mpaka. Wadogo walipokwisha kutengwa, mwaka 2001 Katia Pellegrino na wenzake walipanga upya matawi ya familia hiyo kwa kufuata DNA, na mwaka 2016 kundi jingine likatolewa humo likawa familia ya Alopoglossidae, kwa hiyo hata kilichomo simuni huenda kimepitwa na wakati.

Wengi wa mijusi hawa hawafiki urefu wa kidole cha mtu mzima ukiacha mkia, na huishi chini ya majani makavu ya msituni wakiwinda wadudu. Wapo wanaoingia vijitoni, wapo wa milima ya Andes, na spishi moja, Gymnophthalmus underwoodi, ina majike watupu wanaotaga mayai yanayoanguliwa bila dume.

Walioisumbua zaidi elimu ya uainishaji, hata hivyo, ni wale wa mchangani. Kando ya mto São Francisco, kaskazini mashariki mwa Brazili, kuna matuta ya mchanga ambako Miguel Trefaut Rodrigues aligundua mijusi wa jenasi ya Calyptommatus, aliyoieleza mwaka 1991. Mikono hawana kabisa. Miguu ya nyuma imebaki kama vijiti viwili vyembamba vilivyolala ubavuni. Tundu la sikio halionekani, na jicho limefunikwa na gamba. Pua yao imechongoka kama kabari, nao hupita ndani ya mchanga kama samaki majini. Mmoja wao aliitwa sinebrachiatus, yaani asiye na mikono, ingawa kwa kweli sifa hiyo ni ya jenasi nzima.

Hapo ndipo wanafunzi hudanganyika, wakidhani kwamba wote wasio na miguu ni wa ukoo mmoja. Ndani ya familia hii peke yake miguu imepungua zaidi ya mara moja, kila tawi kwa njia yake, na hapa Tanzania tunao Melanoseps wasio na miguu, ambao ni wa familia nyingine kabisa, ile ya mjusi islamu. Tukirudi kwa wale wadogo wa Amerika Kusini, wa jenasi ya Bachia wamezua ubishi mkubwa zaidi: mwaka 2006 Tiana Kohlsdorf na Günter Wagner walidai kwamba vidole vilivyokwisha kupotea viliweza kurudi, na wenzao wengine wakakataa. Mimi ningewapa wanafunzi ubishi huo waujadili kabla ya kuwapa orodha ya majina ya kukariri.

Kuhusu mjusi kafiri, jibu ni la ajabu kidogo. Hemidactylus mabouia, aliyeenea katika nyumba za Afrika Mashariki, leo yumo pia katika kuta za miji ya Brazili. Alipewa jina la kisayansi mwaka 1818 na Alexandre Moreau de Jonnès kutokana na mijusi wa visiwa vya Karibi, japokuwa asili yake ni Afrika na inaaminika kwamba alivushwa bahari na meli. Neno mabouia lenyewe lilitoka kwa wenyeji wa visiwa hivyo, likiwa na maana ya pepo mbaya. Nasi tunamsingizia kuupuliza moto wa Nabii Ibrahim, kwa hiyo kote alikofika hakupewa jina zuri.

Undugu wa karibu na wale wadogo hana. Hata hivyo, jina Gymnophthalmidae linatokana na maneno ya Kigiriki yenye maana ya jicho lililo uchi, kwa sababu baadhi yao kope zao zimegeuka kuwa kioo kisichofumba. Mtazame usiku mjusi kafiri aliyetulia karibu na taa: naye hafumbi jicho, hulilamba kwa ulimi kuondoa vumbi, na kioo hicho alikipata kwa njia yake mwenyewe.